Kurasa za Kufungia Karanga

Mume wangu alikufa kabla sijamwomba radhi kwa jambo moja. Mengine yote nilimwomba kwa mkupuo, kama desturi yetu ilivyo, dada yake akiwa amesimama upande wa miguu na muuguzi akibadilisha chupa ya maji. Hilo moja nililificha ndani ya neno "yote". Nilijua ninalificha. Sitaki mtu asome hapa akadhani nilisahau.

Mimi ni mtoto wa kambini. Baba yangu alitoka kaskazini akaja kuwa polisi Kampala, na kambini kila mlango ulikuwa na kabila lake, kwa hiyo Kiswahili ndicho tulichochezea, ndicho tulichopigiwa, ndicho tulichoombea chumvi kwa jirani. Shule niliiachia darasa la pili la sekondari. Mume wangu alikuwa wa Kisenyi, wa zile nyumba za Waislamu ambao babu zao walifika na biashara kutoka pwani wakabaki. Alikuwa na kibanda cha vipuri vya magari. Kutoka nyumbani hadi kibandani, ukitembea unavuta tasbihi, unafika kabla hujaimaliza.

Alipenda riwaya. Zilikuwa za Kiswahili, na kwetu hapa hazipatikani ovyo, kwa hiyo madereva wa mabasi ya Nairobi waliomjua kwa ajili ya vipuri walimletea moja moja. Zilifika zimeshasomwa na watu wengine, zina duara za vikombe vya chai, zina majina ya watu tusiowajua yameandikwa kwa kalamu ndani ya jalada. Na karibu zote zilikuwa habari za mji mkubwa: Nairobi, Mombasa, Dar es Salaam. Mtu amepanga chumba, mwenye nyumba hana huruma. Karani anakula hongo kwa sababu ya mwanamke, na mwanamke mwenyewe ana mwingine. Watu wanaishi ukuta kwa ukuta na hawajuani hadi mmoja atolewe amefunikwa shuka.

"Kampala haimo," alikuwa akisema. "Wameandika miji yote, wetu wameuruka."

Basi akauweka mwenyewe. Akinisimulia alichosoma alikuwa anahamisha. Mwenye nyumba wa Nairobi alihamia Bwaise, mtaa wetu wa bondeni, na maji ya mafuriko yakaingia ndani ya riwaya ambayo mwandishi wake hakuyatia. Mtu aliyekuwa akikimbia polisi alikimbilia soko la Nakawa, akapita katikati ya mikungu ya ndizi. Tukitembea barabarani alinibana kiwiko.

"Unamwona yule mwenye koti? Ndiye karani."

"Karani gani?"

"Wa kile kitabu."

"Baba, yule ni fundi saa."

"Mchana," alinijibu.

Miaka ya mwanzo nilicheka. Baadaye nilichoka. Mtu anaweza kuchoshwa na kitu kile kile alichokipenda, na mwenzake asijue siku ilipobadilika, kwa sababu hakuna siku.

Jioni ninayotaka kuieleza, mama yangu alikuwa mgonjwa kule Arua. Nilipigiwa simu mchana kwamba amekataa chakula. Nikangoja mume wangu arudi, aswali, aketi. Nikamwekea chakula. Alikuwa amekiegemeza kitabu kwenye jagi la maji.

"Mama amekataa chakula siku ya tatu leo," nikamwambia.

"Enhe."

"Nasema labda niende Ijumaa."

Akafunua ukurasa. "Enhe, endelea."

"Nimemaliza."

"Enhe."

Nikatoa vyombo. Asubuhi alipokwisha kwenda kibandani, alipita mtu wa kukusanya karatasi kuukuu, ana gunia begani na sauti yake ya kukwaruza. Nikamwita. Sanduku la riwaya lilikuwa juu ya kabati. Nikalishusha, nikamimina vitabu vyote guniani. Kile alichokuwa akisoma kilikuwa chini ya mto wake. Nikarudi ndani nikakichomoa na hicho. Huko kurudi ndani ndiko ninakokukumbuka zaidi. Nilikuwa na nafasi ya kufikiri, kutoka mlangoni hadi kitandani na kutoka kitandani hadi mlangoni, na sikufikiri.

Jioni aliangalia juu ya kabati.

"Mama watoto, sanduku langu?"

"Nimevitoa. Panya walikuwa wameanza kula."

"Vyote?"

"Vyote."

"Na kile cha chini ya mto?"

"Panya hachagui," nikasema.

Akaenda kunawa mikono, na akiwa kule kwenye ndoo, amenipa mgongo, akauliza: "Mama ameamkaje? Utakwenda Ijumaa?"

Kumbe alikuwa amesikia. Hakuna neno lililompita.

Hakukuwa na panya. Nyumba yetu haijapata kuwa na panya. Jirani ana paka watatu.

Mama alipona, na hadi leo yuko hai. Mimi nilirudi kutoka Arua nikakuta mume wangu amekuwa mla karanga. Meno yake ya upande wa kushoto yalikuwa mabovu, karanga hakuwa akizigusa, na sasa mifuko ya kanzu yake ilijaa maganda mekundu. Alasiri akitoka kibandani hakuja nyumbani moja kwa moja tena. Alifika magharibi ikiadhiniwa, amekwisha kushiba.

Dada yake, wifi yangu, anaishi chumba cha pili katika ua wetu, na mdomo wake hauna mlango.

"Kaka, umri huu karanga za nini?" alimtania. "Au mwenzako amepeleka mashtaka?"

"Muulize mwenyewe," mume wangu akasema, akicheka.

Mimi sikucheka. Siku chache baadaye wifi akanijia jikoni. "Nimemwona. Anakaa kwa yule mwanamke anayetoka Bwaise, anayekaanga karanga pale kwenye gereji. Kakalia stuli kama anasubiri kunyolewa. Na mwanamke anacheka hadi mwiko unamponyoka."

"Acheke," nikasema.

Lakini kesho yake nilijitanda vizuri nikapita upande wa pili wa barabara. Kweli alikuwa pale, juu ya stuli, kati ya matairi. Kulikuwa na karatasi mkononi mwake, hilo nililiona. Lakini karanga zote zinauzwa ndani ya karatasi, nani atauliza? Nilichokiangalia ni yule mwanamke. Si mzuri, si kijana. Alikuwa akicheka, na mume wangu alikuwa na uso ambao sikuwa nimeuona nyumbani kwa muda mrefu, uso wa mtu anayesimulia na anasikilizwa.

Nikarudi nyumbani, nikafunga mdomo. Nilikaa hivyo mwaka mmoja na kitu. Nilimpikia, nilimfulia, nilimjibu alichouliza na si zaidi. Aliniuliza, "Nimekukosea nini?" Nikamwambia, "Hakuna." Zikapita siku, akaniuliza tena, nami nikamjibu vile vile, nikikung'uta shuka.

Halafu presha ikampiga akiwa kibandani. Alikaa hospitali siku tatu bila kusema, jicho moja limefumba. Siku ya tatu wifi akaninong'oneza, "Mwombe radhi, huu ndio wakati." Nikainama sikioni kwake nikasema maneno yale: niwie radhi kwa yote niliyokukosea, ya siri na ya dhahiri. Nilitaka kusema, hakukuwa na panya. Nilitaka kusema, nimekununia kwa ajili ya mwanamke wa karanga. Wifi alikuwa amesimama pale, nikaona haya. Haya tu, wala si kitu kingine. Kabla ya adhuhuri mume wangu akaenda.

Nikaingia eda. Miezi minne na siku kumi mwanamke anakaa nyumbani kwake, hajipambi, hajitii manukato, hatoki ila kwa dharura. Nimeishi mji huu tangu kuzaliwa na sikuwahi kuusikiliza. Nilipokaa ndani ndipo nikausikia: nyundo za gereji zinaanza kabla ya saa mbili, moja ina mlio mwembamba kuliko nyingine, wanawake wa Kisomali wanabishana na wachukuzi juu ya marobota, adhana za misikiti hazikutani, moja inaanza nyingine ikiwa katikati. Na kila alasiri, harufu ya karanga. Sikuwa nimejua kwamba inafika kwetu.

Wiki ya tatu wifi alikuja mlangoni. "Kuna mtu wako wa karanga nje."

"Mwambie nimelala."

Yule mwanamke akaja tena baada ya siku mbili, nikawa nimelala. Mara ya tatu wifi alichoka na uongo wangu akamwingiza. Mwanamke akapiga magoti kunisalimu, kama wafanyavyo wao Waganda, akaweka chini katoni ya filta za oili.

"Hajati, pole sana," alisema. "Mimi nakuja mara tatu, wanasema wewe nalala. Nikasema huyu mama nalala sana."

"Mimi si Hajati. Sijafika Maka."

"Utafika. Hii ni kitu ya mzee."

Ndani ya katoni kulikuwa na karatasi. Kila moja ilikuwa na mikunjo ya kusokotwa kama pembe, na ilikuwa imenyooshwa tena kwa kiganja, ina madoa ya mafuta na chumvi. Zilifungwa mafungu mafungu kwa mpira wa tairi la baiskeli. Zote zilikuwa za kitabu kimoja. Sikuhitaji kusoma, ni kile cha chini ya mto. Kwenye pembe ya ukurasa wa mwanzo kulikuwa na jina la mtu wa Nairobi tusiyemjua, ambaye kitabu kilikuwa chake kabla ya kuwa chetu.

"Siku moja nampa karanga," mwanamke akaeleza, "yeye nafungua, nakula, halafu naangalia karatasi, nanyamaza. Nasema hii ni kitabu yangu. Mimi nikaogopa, nikasema mzee, mimi nanunua karatasi, siibi. Akasema najua. Nikampa zote nilikuwa nazo, bure. Lakini ingine iko kwa wenzangu, mpaka kule kwa teksi. Nikawaambia wakiona karatasi ya Kiswahili ya hii kitabu waniletee. Wengine wanakataa, wanasema nunua. Basi yeye nanunua karanga. Siku moja nakula pakiti sita. Nikamwambia mzee, tumbo."

"Akasemaje?"

"Akasema tumbo si kitu, kuna mtu amepotea, tunamtafuta."

Wifi alicheka, akajifuta macho kwa ncha ya mtandio.

"Na ukicheka, ulikuwa unacheka nini?" nikamuuliza. Nilijisikia sauti yangu haina adabu.

"Yeye alikuwa nanisomea. Mimi Kiswahili ya kusoma sijui. Yeye nasoma, halafu nasema kwa Luganda. Ile mtu ya kitabu nakaa Bwaise kwetu, Hajati. Napita mpaka mbele ya nyumba ya shangazi yangu. Nitaacha kucheka?"

Nikazishika karatasi. "Mbona hakuzileta nyumbani?"

"Alisema nyumbani kuna panya," mwanamke akasema.

Wifi akageuka. "Panya? Nyumba hii?"

Nafasi ile pia niliipata, mbele ya watu wawili, mchana kweupe, na nikanyamaza. Mwanamke akaaga akaenda kwenye sigiri yake. Wifi alinitazama kitambo, akaokota vikombe.

Siku zilizobaki nilisoma. Ni habari za karani aliyefukuzwa kazi akaogopa kumwambia mkewe. Kila asubuhi anafunga tai, anaaga, anazunguka mjini hadi jioni. Kwa sababu yake unaona mji wote: ofisi kutoka nje, madirisha ambayo hataingia tena, benchi ambapo watu wengine waliofunga tai wanakaa na kujifanya wanasubiri mtu. Sikuwa nimesoma riwaya kwa makini maishani mwangu. Nilikuwa nikisema ni uongo wa watu wasio na kazi. Niliona kwamba aliyeandika anajua mambo ya ndani ya nyumba, jinsi mke anavyoangalia viatu vya mumewe vikichakaa upesi na haulizi. Palipokuwa na pengo, mume wangu alikuwa ameandika kwa penseli nambari za kurasa zinazokosekana. Hakuandika kitu kingine. Nilitafuta kila karatasi, mbele na nyuma, nikizielekeza dirishani. Nambari tu.

Ustadhi alipokuja kutusomea dua nilimweleza, bila kumtaja mwanamke. Alitabasamu. "Vitabu vya hadithi, mama? Hilo dogo. Mwombee, mtolee sadaka, Mungu ni mwenye kusamehe." Nilimwombea, nikatoa sadaka. Sina shaka na aliyoyasema. Lakini alinijibu habari za vitabu, na mimi uzito wangu ni wa mtu aliyekufa hajui mkewe alimnunia kwa nini.

Eda ilipokwisha nilioga, nikavaa nguo nyingine. Binti yangu anayefanya kazi Nakawa alikuja kunichukua, alitaka twende kwake nikapunge upepo. Nikamwambia anitangulie. Nikaweka zile karatasi mkobani nikaenda gereji. Jua lilinichoma macho kama mtu aliyetoka kuugua.

Mwanamke alikuwa anakoroga kikaango. Akanisogezea stuli. Nikabaki nimesimama.

"Hakukuwa na panya," nikamwambia. "Vitabu nilivitoa kwa hasira. Nikamdanganya."

Akaendelea kukoroga. "Yeye alisema panya. Mimi nikasema Kisenyi panya iko."

"Alijua kwamba ni uongo?"

"Mimi sijui, Hajati."

"Na wewe nilikudhania vibaya. Wewe na yeye."

Mwiko ukasimama. Alinitazama vizuri, kisha kicheko kikamtoka puani. "Mimi na mzee? Mzee natafuna upande moja. Mimi nyumbani niko na yangu, na huyo moja ameshanimaliza kichwa." Kisha uso wake ukabadilika. "Hiyo ulikaa nayo siku ngapi?"

"Mwaka na kitu."

Akaepua kikaango, akakiweka juu ya matofali. Kwa muda alikuwa anapembua karanga zilizoungua, moja moja.

"Naomba unisamehe," nikasema.

"Ya kwangu nimesamehe. Ya mzee mimi siwezi kusamehe kwa yeye."

"Najua."

"Wewe kaa, watu wanaangalia."

Nikakaa. Nikamuuliza nililokuwa nikiliogopa tangu siku ile ya katoni, kama mume wangu alikuwa akinisema pale.

"Hapana. Alikuwa nasoma tu." Akafikiri. "Siku moja ndiyo alisema, mke yangu iko kimya. Nikasema, umemuuliza? Akasema nimemuuliza mara mbili."

Gari lilikuwa linawashwa nyuma yetu, linazima, linawashwa. Nilishukuru kelele ile. Sikujifuta macho, na yeye hakuniambia ninyamaze, wala hakuniambia kwamba mzee amenisamehe huko aliko. Watu wengi wameniambia hivyo. Yeye hakuniambia.

Gari lilipotulia akanyoosha kidole kwenye mkoba wangu, karatasi zilikuwa zinachungulia. "Ile mtu ya tai," akasema. "Iliishia wapi? Sisi tulifika pale amerudi nyumbani, amesimama kwa mlango, nataka kumwambia bibi yake. Mzee akasema kesho. Na kesho yake ndiyo ile presha."

Nikazitoa. Nikapata fungu la mwisho. Nikamsomea nusu ukurasa, kwa Kiswahili kwanza kisha kwa Luganda yangu ya kambini: karani anasimama mlangoni, mkewe anachambua mchele, anasema nina neno. Hapo karatasi inakwisha. Inayofuata, wamekwisha kuhama, wako mtaa mwingine, mke anakaanga mihogo barabarani na karani anamenya. Alimwambiaje, mke alimjibuje, hayo yalifungiwa karanga na mtu ameyatupa.

"Hapa katikati hakuna," nikamwambia. "Kurasa nne hazipo. Sijui walisemezana nini."

"Mzee ikifika kwa pengo alikuwa natunga."

"Mimi sitatunga."

Mteja alikuwa amekuja. Akamchotea karanga, akamsokotea kwenye karatasi ya daftari la shule, akampa. Akarudi akakaa.

"Basi ruka," akasema. "Soma hiyo iko."

Nikasoma.